Wapagazi Wawili wa Tura

Kanyenye, Tabora
12 Januari 2023

Ndiyo, kwa sauti. Kornel kaniambia umemuuliza mara mbili kama maneno yale ya kuongea na tumbo ni yangu au ni ya pombe yake. Ni yangu. Barua hii nusu yako, nusu ya huyo aliye tumboni, na ile ya kwake umsomee kwa sauti, asije akasema hakusikia.

Mke wangu Najiat, salamu sana. Mimi mzima, ila sasa hivi ananiamsha jogoo wa jirani badala yako, na hana adabu hata kidogo. Wewe je? Miguu bado inavimba? Mama mkwe mpe shikamoo yangu, na akiitikia kwa mguno usinifiche, nimezoea.

Najua ungetaka nipige simu. Lakini mtandao wa Tura uko juu ya kichuguu, na sitaki mwanamke wa miezi saba apande kichuguu kwenda kumsikia mwanaume anauliza "unanisikia?" Kwa hiyo barua, na mpelekaji ni Kornel, maana kila akifuata asali kwa treni anashukia hapo. Darasa la nne langu nalo lifanye kazi, limekaa bure muda mrefu.

Sasa nikwambie wazo hili lilikotoka. Nilipeleka marobota ya mitumba dukani kwa Mama Kokila, yule Mhindi wa vitambaa na viungo, nikamkuta mwanawe Nilesh amechuchumaa mbele ya mkewe anaongea na tumbo. Mtu mzima, ana miwani na kitambi. Analiambia: leo mvua imenyesha, bibi yako kamshinda mteja, wewe usiwe na haraka, tupo. Nilicheka mpaka Mama Kokila akanichapa na ile fimbo ya kupimia vitambaa.

"Unacheka nini? Kwenu watoto wanazaliwa viziwi?"

Basi akanieleza. Kwao Wahindu mtoto anaanza kulelewa akiwa humo humo ndani. Mama yake anakula lozi na maziwa na samli, hasikilizi ugomvi, anaimbiwa dua zao, anasimuliwa habari za watu wema. Baba anamsalimia kila siku kama mtu aliyekwisha fika. Sisi kwetu mtoto anaanza kulelewa siku akituaibisha mbele ya wageni.

Nikawaza, Najiat. Hizo mbili zilizopita tulinyamaza. Tuliambiwa mimba haisemwi, tukafunga midomo, na unajua ilivyokuwa. Safari hii acha nijaribu kelele.

Haya, wewe wa ndani. Hapa anaongea baba yako. Sura sina ya kutisha, ila masikio ni makubwa, ukiyarithi nisamehe. Nakupa hadithi. Walikuwepo wapagazi watatu, wametoka Kwihara na mizigo kichwani, wanakwenda pwani. Wa kwanza anaitwa Kishindo, akikanyaga ardhi inaitika. Wa pili Taratibu, huyo anatembea huwezi kujua kama yupo. Wa tatu ni mdogo, jina bado hana, amebeba sufuria. Wametembea kwa kuimba, na adhuhuri wamefika Tura, hapo hapo ulipo, wakatua mizigo mbele ya nyumba ya bibi yako. Bibi akawapa ugali na maziwa ya mgando. Leo walale hapo.

Ni mimi,
Baba Kijacho


Tura
21 Januari 2023

Mume wangu Majidi,

Assalaam alaykum. Sisi wazima, namshukuru Mungu. Miguu inavimba jioni, asubuhi inarudi. Mama kaitikia shikamoo yako. Kwa mguno, ndiyo.

Nimemsomea. Niliona aibu nikafunga mlango, mama akabisha hodi, anataka kujua nimefungiana na nani. Nikamweleza. Akakaa kitandani akasema huku kwetu mtoto wa tumboni haongeleshwi. Ukimwita mtu ambaye hajafika, hujui nani ataitika. Kisha akasema, "Hebu isome tena, nione hao watu nimewapa mboga gani." Aliposikia umetaja kwamba alitoa maziwa ya mgando alifurahi, anasema angalau unajua yeye si mchoyo.

Mtoto alicheza. Sikwambii kukufurahisha tu. Nilipofika kwenye Kishindo alipiga teke mpaka karatasi ikanyanyuka.

Lakini majina hayo, Majidi. Umeyaandika kama umeyaokota barabarani. Kishindo ni yule wetu wa kwanza, wewe ndiye uliyemwita hivyo kwa mateke yake, akatoka mwezi wa tano. Taratibu ni yule aliyezaliwa hapumui. Tangu tulipowazika hatujayataja majina hayo, wewe wala mimi. Ulijua ulichokuwa unaandika? Kama ulijua, niambie. Kama hukujua, niambie pia.

Mkeo,
Mama Kijacho


Kanyenye
4 Februari 2023

Mke wangu,

Salamu nyingi kama mvua ya huku. Afya yangu nzuri, nimekonda kidogo lakini kwa upande mmoja tu, ule usioonekana. Mama mkwe shikamoo, na maziwa yaliyobaki aniwekee.

Sikujua. Naapa. Nilitaka majina ya wapagazi, mkono ukaandika hayo. Niliposoma barua yako nilikaa juu ya robota mpaka Mama Kokila akaniuliza kama naliuza au nimelioa. Nikamwambia. Hakucheka. Nikamuuliza je, nibadilishe, niwaite Mektilda na Deus? Akasema huyo wa ndani amekwisha wazoea, mtu hapokonywi wenzake njiani.

Nimempa Kornel kifurushi chako. Juzi mkwe wa Mama Kokila amefanyiwa sherehe yao ya mwezi wa saba. Wanamkalisha, wanawake wanamjaza mapajani nazi na mchele na matunda, wanamwimbia, mtoto ajue anakuja kwenye nyumba yenye kushiba. Mimi nilisimama mlangoni nikisubiri kubeba viti. Mama Kokila akachota lozi na mchele akafunga, akasema huyu ni wa Tura, naye ajazwe mapaja. Mama mkwe akuwekee. Kama hataki mambo ya Kihindu, mwambie lozi hazina dini.

Kanionya kitu kimoja, huyo mama. Usimkasirishe, usimtishe, na kila unachoanza kumsimulia ukimalize. Nikamwambia mimi kumaliza ndiyo kazi yangu, uliza sahani yoyote.

Haya, wewe mdogo. Wapagazi wameamka, wamemuaga bibi yako, wanaimba. Mbele ya Tura ndiyo Mgunda Mkali, msitu ule wa zamani ambao watu wazima walikuwa wanaingia wamefunga mikanda miwili. Maji hakuna, kijiji hakuna, miti inafanana kama pacha. Kishindo mbele, Taratibu nyuma, mdogo katikati na sufuria yake. Wametembea mpaka njia ikaanza kupotea kwenye majani. Kishindo akasema, tutue hapa kwanza. Wakatua mizigo yao. Mdogo akauliza, tumefika? Taratibu akasema

Kornel ananivuta karatasi, treni imepiga honi. Nitamalizia. Kesho naenda Nzega na viatu vya buti, kuna machimbo mapya na watu wanachimba pekupeku. Wiki moja, narudi.

Baba Kijacho


Tura
26 Februari 2023

Majidi,

Assalaam alaykum. Natumaini u mzima, maana sijui uko wapi. Recheli, mtoto wa jirani, amepanda kichuguu kukupigia mara nyingi, simu yako haipatikani. Kornel anasema kwenye machimbo huko hakuna mtu anayemjua mwenzie.

Mama alinijaza mapaja kwa lozi na mchele, anasema hawezi kushindwa ukarimu na mwanamke asiyemjua. Kisha lozi akazila yeye.

Nataka nikwambie jambo na usifanye mzaha. Kila adhuhuri, jua likiwa utosini, nasikia mbele ya nyumba mzigo unatuliwa. Puu. Kisha wa pili, taratibu, kama mtu anaogopa kuamsha mgonjwa. Nachungulia, uwanja mtupu, kuku tu, nao wamesogea pembeni wamekaa kimya. Nasubiri wa tatu. Wa tatu hautuliwi.

Na kila wakati ule mtoto anaacha kucheza. Anatulia kama anayeitwa.

Nilidhani ni mimi na ujauzito wangu. Jana nikamkuta mama ametoka nje na kata ya maji, ameiweka chini uwanjani. Akasema kwa Kinyamwezi, "Mwadila," ile salamu ya mchana anayompa mgeni. Hapakuwa na mtu. Nikamuuliza amemsalimia nani. Akasema, "Hii nyumba iko juu ya njia. Mwenye kutua mzigo lazima asalimiwe." Lakini aliingia ndani kinyumenyume.

Maliza hadithi, mume wangu.

Mama Kijacho


Tura
14 Machi 2023

Majidi,

Salamu baadaye. Tarehe ya nesi imepita. Nesi Levina amesikiliza, mapigo yapo, ila mtoto amepanda juu badala ya kushuka, na hachezi isipokuwa kidogo alfajiri. Anasema ikifika Alhamisi bila uchungu niletwe hospitali Tabora nipasuliwe, na njia hii unaijua ilivyojaa maji.

Mimi najua kwa nini hashuki. Wewe utasema nimechanganyikiwa, sema. Umempeleka Mgunda Mkali, njia imepotea kwenye majani, na baba yake ameenda kuuza viatu. Atatokaje?

Yuko na ndugu zake, Majidi. Wamemkalisha katikati. Hawana ubaya, ni watoto, nao hawajui njia. Watoe.

Mama Kijacho


Kanyenye
15 Machi 2023

Mke wangu, Najiat wangu, haya yote naandika nimesimama.

Nimerudi leo. Simu ilizama kwenye tope la machimbo, nami nikasema biashara ikikaa vizuri nitanunua nyingine, wiki ikazaa wiki. Nimekuta barua zako mbili dukani. Nimezisoma papo hapo mbele ya Mama Kokila.

Akaniuliza, "Umemwacha wapi mtoto?"

"Kwenye hadithi. Msituni."

Mizani ikamtoka mkononi, pilipili manga zikamwagika sakafu nzima. Hakuziokota. Akasema, "Wewe mjinga, mtoto wa tumboni hajui kwamba hadithi ni hadithi. Anakwenda unakompeleka." Kisha akampigia kelele Nilesh atafute gari. Treni ya leo haipo, na gari halipiti mpaka maji yapungue, pengine kesho Alhamisi, na mimi nitakuwa ndani yake. Kornel anatangulia na pikipiki kandokando ya reli. Nimemwomba anipakie, akanionyesha tope kwenye magurudumu akaniambia nichague, ifike barua au tukwame wote wawili.

Sasa hivi ukiipata, kaa chini, msomee.

Mwanangu, ni baba. Samahani nimechelewa. Nipo. Tulikuwa tumekaa msituni, mdogo akauliza, tumefika? Taratibu akasema, bado, lakini sikiliza. Wakasikiliza. Kwa mbali wakasikia mwanamke anasoma kwa sauti. Kishindo akasema, hiyo ni sauti ya kwetu. Wakaacha mizigo ya watu, meno ya tembo yabaki hapo hapo yaoze, pwani tutaenda siku nyingine. Kishindo akatangulia anakanyaga majani mpaka njia ikaonekana. Taratibu akaja nyuma, kila mdogo akichoka anamsukuma kidogo mgongoni. Sauti ikawa karibu. Wakaona moshi wa jiko la bibi. Wakamsindikiza mdogo hadi mlangoni, Kishindo mkono huu, Taratibu mkono huu, mlango ukafunguliwa, akaingia. Ndani palikuwa na mama yake na maziwa ya mgando. Mwisho. Umesikia? Mwisho kabisa. Shuka, ingia ndani.

Baba yako


Tura
9 Aprili 2023

Mume wangu Majidi,

Assalaam alaykum. Natumaini ulisafiri salama na Mama Kokila amekusamehe pilipili zake. Mama anakusalimu, safari hii kwa maneno kabisa. Anasema mkwe anayelia mbele za watu akimbeba mtoto si mkwe mbaya sana.

Sikukwambia ulipokuja. Ulikuja jioni, ukamtazama masikio ukacheka ukalia, asubuhi ukaondoka na treni. Hukuikuta adhuhuri. Nikaona uondoke na furaha yako.

Unajua alivyozaliwa. Nilipomaliza kusoma, sikuinuka pale nilipokaa, uchungu ulinikuta papo hapo, nesi Levina alikuta kichwa kimeonekana. Mama anasema hajawahi kuona mtoto wa kwanza kuzaliwa hai akaja mbio vile, kama aliyesukumwa mgongoni. Nilicheka aliposema. Sasa sicheki.

Mizigo bado inatuliwa. Nilidhani itakoma. Puu, kisha ule wa taratibu. Na sasa inatuliwa karibu zaidi, si uwanjani tena, ni kizingitini.

Mwanao akisikia anaacha ziwa. Halii. Anageuza kichwa, anatazama mlango, na macho yake si ya mtoto wa wiki tatu. Jua likishapinduka ananyonya kidogo kisha analala kwa uchovu. Nesi kampima jana, anapungua. Ameniuliza kama nina maziwa. Maziwa ninayo, yanachuruzika mpaka kwenye kanga. Mwenye kunyonya ndiye hayupo, yuko mlangoni na wenzake.

Nikaitoa barua yako nikaisoma tena. Umeandika vizuri. Wakamsindikiza hadi mlangoni, akaingia. Yeye akaingia, Majidi. Mlango ukafungwa. Kishindo na Taratibu uliwaacha wapi?

Wamesimama pale ulipowaacha. Wamemrudisha mdogo wao kama ulivyowaambia, na hakuna aliyewaambia wafanye nini baadaye. Mama anawawekea maji. Mimi siwezi kuwafukuza, ni wangu. Siwezi kuwakaribisha, naogopa watamchukua. Wewe ndiye uliyewatoa walikolala ukawapa mizigo. Nawe ndiye baba yao.

Mkeo,
Mama Mtoto


Kanyenye
12 Aprili 2023

Najiat, hii si yako. Salamu zako atakupa Kornel kwa mdomo. Ikifika adhuhuri, mpe mama yako mtoto, aende naye ndani, wewe kaa kizingitini, subiri watue, kisha soma kwa sauti. Usisome kwa haraka. Mmoja wao ni mpole.

Wanangu Kishindo na Taratibu,

Hamjambo? Hapa ni baba yenu. Sauti ni ya mama yenu lakini maneno ni yangu, mtayajua kwa makosa. Mimi mzima. Nyie afya zenu sijui niulizeje, nisameheni, hilo darasa la nne hawakulifundisha.

Kwanza nawashukuru. Mlifanya kazi nzuri. Mdogo wenu amefika, hana jeraha, na masikio aliyonayo mmeyaona wenyewe, mshukuru nyie mliponea.

Mama Kokila anasema watoto wa kwao wanasemeshwa tumboni wajue kuna watu wanawangoja. Nyie sikuwasemesha. Siku zile niliwapa majina nikayaweka mfukoni, nikaenda kuuza mitumba. Hadithi yenu ya kwanza mmeisikia juzi juzi, tena mkiwa mmebebeshwa mizigo ya kwenda pwani. Baba gani huyo. Haya, mizigo hiyo mliiacha msituni, na hiyo mingine mnayoitua kila siku sijui mmeitoa wapi, lakini nadhani ni ya kwangu.

Mlango huo hamtaingia, wanangu. Nasema nikiwa nimeshika kalamu kwa mikono miwili. Si kwamba hampendwi. Mama yenu amekaa hapo mbele yenu, mtazameni, anawapenda mpaka hawezi kuinuka. Ila humo ndani yuko mmoja anayetakiwa kunyonya, na nyie mkitua mzigo anaacha ziwa awasikilize. Ameshawazoea. Mkikaa hapo atatoka kuwafuata, na nyie mlimleta mkamsukuma mgongoni asirudi nyuma. Msiharibu kazi yenu.

Sasa tuongee kibiashara, maana ndiyo lugha ninayoiweza, na nyie ni damu yangu, mtaielewa. Kutoka hapo Tura mpaka Tabora ni njia ile ile mliyojia, mnafuata jua linakozama. Mtapita stesheni, mtapita minazi ya watu, miembe ya zamani, mtafika Kanyenye. Ulizeni duka la Mama Kokila. Nje kuna benchi. Mimi nakaa mwisho wa kushoto, ndipo kwenye kivuli, lakini hicho kivuli nawapa nyie, mimi nitakaa juani.

Nyie mwachieni mdogo wenu adhuhuri yake, na mama yenu kizingiti chake. Mimi nawapa adhuhuri yangu. Kila siku jua likifika utosini nafunga meza, hata mteja awe amefungua pochi, nawasimulia hadithi moja, mwanzo mpaka mwisho, simwachi mtu njiani. Zikiniishia nitatunga uongo, huo ninao wa kutosha umri mzima. Watu wataniona naongea peke yangu. Wamezoea. Na siku nikichoka, tutaondoka wote watatu, mimi ndiye nitakayebeba.

Hiyo ndiyo bei yangu, na leo sitaki kupatana. Mkikubali, msimjibu mama yenu. Inukeni tu, mbebe mizigo yenu, mje muitue hapa, Kishindo kwanza, kisha Taratibu. Nitasikia. Benchi nimeshalifuta vumbi.

Baba yenu